Mmoja Bado Yumo Ndani

Kituo cha Pampu
3 Februari

Mke wangu mpenzi,

Salamu nyingi kuliko maji tunayoyasukuma huku. Mimi mzima, wasiwasi wangu ni ninyi.

Leo nakuandikia nikiwa nimeivaa kazi yako shingoni. Mafundi kutoka makao makuu walifika Jumatatu wakatoboa kuta siku nne, na sasa kila mlango una kijisanduku cheusi cha kusomea kadi. Ukigusisha kadi, taa inakuwa ya kijani na mlango unalegea. Ukikosea inawaka nyekundu, na Sajini, mlinzi wetu wa langoni, anacheka mpaka kofia inamdondoka. Maskini Sajini mwenyewe kanyang'anywa furushi lake la funguo. Miaka yote tumemjua kwa mlio wa kiuno chake, na sasa anatembea huku akijipapasa mfukoni kama mtu aliyesahau kitu nyumbani.

Nikawaambia wenzangu kwa maringo, "Mfumo huu anauendesha mke wangu. Hapa hapafunguki mlango bila idhini yake." Wakanijibu, "Kumbe huna mke, una lango." Basi ujue jina lako huku sasa ni Bi Milango.

Lile shati ulilonifulia siku ya kuondoka sijalivaa mpaka leo. Limekunjwa chini ya mto. Bado lina harufu ya sabuni ya nyumbani, na nikilivaa litakuwa shati tu.

Usichoke nami juu ya simu. Huku mtandao haushiki tena, mnara wameuhamishia nyuma ya vilima, na simu ya mezani ya langoni ni ya dharura peke yake. Niandikie. Gari la vipuri linakuja kila baada ya wiki mbili, na mkoba wa barua hukaa kiti cha mbele kama abiria aliyelipa nauli.

Mbusu binti yetu.

Mumeo,
Fundi


Makao Makuu
17 Februari

Mume wangu,

Bi Milango nimelipokea jina. Afadhali hilo kuliko majina wanayonipa hapa kadi zao zinapogoma.

Nikueleze ninakofanyia kazi. Ni chumba cha ghorofa ya pili, dirisha linatazama ukuta wa jirani, mbele yangu kompyuta mbili. Vituo vyote tisa vya shirika vimo humo, milango mia mbili na kumi na mmoja. Anayeajiriwa leo namfungulia, anayeacha kazi namfungia, fundi akihamishwa nahamisha ruhusa zake. Kadi yako, namba 417, niliichapa mwenyewe. Ile picha! Umekunja uso kama mtu aliyepewa uji usio na sukari.

Kuna ukurasa mmoja nausomea kila mtu mpya, na wewe nakusomea. Unaitwa Waliomo Ndani. King'ora kikilia kituoni kwenu, milango yote inajifungua yenyewe. Kila mtu anakimbilia uwanja wa mkusanyiko, anagusisha kadi kwenye ile nguzo ya njano, na jina lake linafutika kwenye kioo changu huku. Jina litakalobaki ni la mtu wa kutafutwa. Kwa hiyo usije ukajifanya shujaa ukarudi kuchukua koti. Ukisikia king'ora, kimbia.

Tena usidhani nakuchungulia. Amri ya kwanza ya kazi hii ni kwamba nyendo za mtu hazifunguliwi bila sababu ya kikazi. Nimetia sahihi.

Binti yetu kang'oka jino la mbele. Ana wimbo wa pengo, kautunga mwenyewe, na anataka kukuimbia kwa simu. Jana kapanda juu ya kiti na simu yangu mkononi, eti juu ndiko mtandao ulikojaa. Nilipomwambia huko kwa baba haushiki, akashuka taratibu akasema, "Basi baba apande yeye."

Hebu panda, mume wangu. Tafuta hata kichuguu. Sauti yako nimeanza kuisahau upande mmoja, ule wa kicheko.

Mkeo


Kituo cha Pampu
3 Machi

Mke wangu,

Barua yako nimeisoma mara sita, na mara ya sita nilikuwa sisomi tena, naitazama tu.

Vilima nimepanda. Hakuna kitu. Mwambie mwenye pengo aniandikie wimbo wake, mstari mmoja mmoja, na pale anaporuka aweke alama. Nitauimba mimi huku kwenye mitambo, pampu haziwezi kulalamika.

Kazi inaendelea. Pampu namba tatu ilikuwa na beringi inayokufa. Zamani, unakumbuka, nilikuwa naweka bisibisi kwenye chuma na mpini sikioni, nasikiliza kama daktari. Siku hizi natumia kiganja. Ukikiweka vizuri na kutulia, chuma kinakueleza kila kitu. Tumeibadilisha kabla haijavunjika, na bwana mkubwa wa kituo amenisifu mbele ya watu.

Nina ombi, usinicheke. Ukiniandikia, andika vile unavyoongea. Usizinyooshe sentensi. Ukiguna, andika umeguna. Ukianza jambo ukaliacha katikati kwa sababu chungu kinaungua, liache hivyohivyo, uandike chungu kinaungua. Nataka nikifungua bahasha nikute unaongea.

Nakukosa asubuhi kuliko wakati mwingine wowote. Sijui kwa nini asubuhi.

Mumeo


Makao Makuu
17 Machi

Mume wangu,

Mmh. Haya, nimeguna, umepata ulichotaka.

Wimbo wa pengo umo kwenye karatasi ya pili. Zile duara ni sehemu za kuruka. Ile duara kubwa yenye miguu ni wewe.

Sasa nisikilize. Juzi nilikaa na mtaalamu wetu wa mitandao, tunakagua vituo vya mbali. Nikamuuliza, hivi visanduku vya kule kwa mume wangu vinaniletea vipi habari, waya umepita wapi kwenye vilima vyote vile? Akanitazama kama mtoto. "Dada, hakuna waya. Vinatumia laini ya simu. Kituo kile mnara wake uko karibu kuliko wetu sisi." Akanionyesha. Vijiti vinne kati ya vitano. Kila dakika, usiku na mchana, milango yenu inapiga simu nyumbani.

Milango inapiga. Wewe hupigi.

Labda simu yako ndiyo mbovu. Kama ni mbovu sema, nitakutumia ya kwangu ya zamani.

Jingine, kuna mtu kaniambia zahanati yenu ndogo ina muuguzi siku hizi. Ni mtu mzima? Nauliza tu, maana ni vizuri kujua mwenye kuwatunza.

Chungu kinaungua kweli. Naja.

Nimerudi. Kimeungua.

Mkeo


Kituo cha Pampu
31 Machi

Mke wangu,

Laini za visanduku ni za shirika, si za watu. Zetu hazishiki. Sijui nikueleze vipi zaidi. Simu usitume, itapotea njiani.

Muuguzi yupo. Simjui sana. Nilipita kwake mara moja, kidole kilibanwa na nati, akanifunga bandeji. Kimepona.

Wimbo nimeukariri. Nimeubandika ndani ya mlango wa kabati langu pamoja na duara yenye miguu.

Kazi ni nyingi, nisamehe kwa ufupi.

Mumeo


Makao Makuu
14 Aprili

Baba wa binti yangu,

Umesema mara moja. Nakuhesabia.

Tangu vile visanduku vifungwe, kadi 417 imeufungua mlango wa zahanati mara arobaini na sita. Siku zote za kazi. Unaingia saa kumi na moja na dakika chache jioni, na huonekani popote pengine mpaka saa kumi na mbili kasoro, unapofungua bweni. Vidole unavyo kumi tu. Vimebanwa vyote, vikarudiwa?

Ndiyo, nimechungulia. Nilikudanganya nilipokuandikia juu ya amri ile, kwa sababu siku hiyohiyo ninaandika nilikuwa nimeshakufungua mara tatu. Lakini nataka ujue nilianza vipi. Asubuhi ya kwanza nilikuwa najaribu mfumo, nikaona jina lako limewaka kijani, mlango wa bweni, saa kumi na mbili na robo. Nikajikuta nimesema kwa sauti, "Ameamka." Mwenzangu wa meza ya pili akageuka. Tangu siku ile nikawa natoka nyumbani mapema ili nikukute ukitoka bwenini. Halafu jikoni. Halafu chumba cha pampu. Nilikuwa nakunywa chai yangu wakati unakunywa yako. Mwizi gani mwingine huiba kitu cha namna hiyo? Kwangu ilikuwa kama kukusindikiza kazini.

Kisha nikaanza kuona saa kumi na moja.

Mnara upo. Simu unayo. Muda unao, dakika arobaini kila jioni, ila si wa kwangu wala wa mtoto anayepanda viti. Njia ya mwongo ni fupi, na yako imeishia kwenye mlango ninaousimamia mimi.

Usinijibu kwa kidole tena. Nijibu kwa kweli, au usijibu.

Mama wa binti yako


Langoni, Kituo cha Pampu
17 Aprili

Shemeji,

Mimi si mtu wa kuandika barua, mimi ni mtu wa kuandika zamu. Utanivumilia. Jana kwenye simu nilikuambia mumeo mzima, nikakata. Haikuwa kiburi. Chumba kilikuwa kimejaa watu na mengine hayasemwi mbele za watu.

Ilikuwa saa nne asubuhi. Mtungi mmoja wa gesi ya kutibia maji ulipasuka koo. King'ora kikalia, milango ikajifungua kama ulivyotufundisha, watu wakatoka mbio wakaja kwenye nguzo ya njano. Mimi nilihesabu kwa macho, nikaona tumetimia. Ninakuapia nilihesabu vizuri. Kumbe nilimhesabu dereva wa gari la vipuri, ambaye ndiyo kwanza alikuwa amewasili.

Ndipo simu ya mezani ikalia. Sikujua ni wewe. Nilisikia mwanamke anasema, "Sajini, mmoja bado yumo ndani. Chumba cha pampu, chini. Kadi 417." Hukulia, hukupiga kelele, ulitaja namba kama anayesoma bei. Mimi nikasema, "Haiwezekani, king'ora kinasikika mpaka barabarani." Ukasema, "Nenda."

Nilivaa kinyago nikashuka. Nikamkuta amepiga magoti nyuma ya pampu namba tatu, kanipa mgongo, viganja viwili juu ya chuma, ametulia kama mtu anayesali. King'ora kiko juu ya kichwa chake kinalia mpaka meno yangu yanauma, na yeye wala. Gesi ilikuwa imeshafika ngazi ya chini. Nikamshika bega. Akageuka akaniona na kinyago, akatabasamu kwanza, akidhani ni mzaha. Halafu akavuta pumzi, na pumzi ile ndiyo iliyomwangusha.

Shemeji, mumeo hasikii. Si tangu jana. Huku sote tunajua, isipokuwa bwana mkubwa. Tumekuwa tunamgonga bega, tunamwonyesha kwa mikono, tunamfunika. Tulidhani tunamsaidia. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, na sisi tulikuwa tunakishikia kifo mlango.

Nilimuuliza mara nyingi, "Mkeo anajua?" Akawa ananijibu, "Nitamwambia nikienda." Nadhani alipokwenda hakuweza.

Sasa yuko kitandani zahanati. Anakohoa, lakini anakula. Barua yako iliyoletwa na gari la jana nimemkabidhi. Aliisoma akageukia ukutani. Sijui ulichoandika, wala sitaki kujua. Nakuomba tu umwandikie nyingine.

Mlinzi wa lango


Zahanati, Kituo cha Pampu
21 Aprili

Mke wangu,

Nakujibu kwa kweli.

Daktari wa mjini aliniambia mwezi wa Novemba. Kelele za mitambo, miaka kumi na minne, mishipa ya ndani imechoka na haipumziki ikapona. Alinijaribishia kifaa cha sikioni. Kinapaza kelele, maneno hayaji. Walisema sikio la kufa halisikii dawa. Langu dawa linasikia, watu ndio halisikii.

Nilikuja likizo ya Desemba nikiwa na maneno yote tayari mdomoni. Siku ya pili ukasimama jikoni umenipa mgongo, ukasema kitu, na mimi nikaona mabega yako tu yakitikisika. Ulikuwa unacheka. Sikujua unacheka nini. Nikacheka na mimi. Ukageuka, uso wako umejaa furaha kwamba tumecheka pamoja, na nikaona siwezi kukunyang'anya. Nikasema kesho. Kesho zikaisha, gari likaja.

Simu yangu ni nzima. Mtandao unashika. Siku niliyorudi nilikupigia, mara moja, kutoka nyuma ya ghala. Ulipokea. Niliona saa za mazungumzo zinakimbia kwenye kioo, sekunde arobaini, na sikioni mwangu kimya kama cha pamba. Nikajua uko pale unasema "haloo, haloo," na mimi siwezi hata kujua umeacha lini. Nikaizima. Sijaiwasha tena.

Muuguzi ni mama mwenye wajukuu wawili. Kaka yake alizaliwa hasikii, kwa hiyo anajua kusoma midomo, akajitolea kunifundisha kila jioni baada ya zamu. Anakaa mbele yangu anasema bila sauti, nami nakisia. Mwanzoni alisema "baba" nikasoma "mama" na "papa," maana kwenye midomo hayo yote ni ndugu. Sasa hivi nashika nusu ya sentensi. Nimeitazama midomo ya yule mama miezi mitatu, na siku zote nilikuwa nafanya hesabu moja tu, kwamba yako ni myembamba zaidi, itakuwa rahisi au ngumu?

Nilitaka nikija Juni nikukute mlangoni, useme, nami nijibu. Ndiyo siri yangu yote.

Kuhusu kuchungulia kwako, sina hasira. Nimejaribu kuitafuta, sikuipata. Nimelala hapa nawaza kwamba kila asubuhi nilipogusisha kadi nikidhani naingia kazini peke yangu, kumbe nilikuwa na wewe. Ingekuwa heri nikajua. Ningesimama kidogo pale mlangoni.

Nisamehe kidole. Nisamehe na wimbo, niliomba uandikwe kwa sababu hiyo.

Mumeo


Makao Makuu
28 Aprili

Mume wangu,

Nimelia mpaka binti yako akaniletea sufuria, eti machozi yasimwagike chini.

Nianzie wapi. Ile asubuhi kioo kiligeuka chote chekundu, kituo chenu, watu arobaini na watatu. Nikaanza kuhesabu. Thelathini, kumi na tisa, nane. Majina yanafutika kama vumbi linalopanguswa. Wanne. Wawili. Halafu mmoja, na huyo mmoja hafutiki. Picha yako imekunja uso. Nilikuwa nimekuandikia barua ile siku mbili kabla, iko njiani, siwezi kuirudisha. Nikawaza, atakufa na barua yangu itamfikia kesho. Mkono uliopiga simu haukuwa wangu. Sajini anasema sikulia. Nililia baadaye, chooni, nimeuma kitambaa.

Halafu nikaanza kukumbuka. Ile simu ya siku uliyorudi kituoni, nilisema haloo peke yangu, nikalaumu mtandao. Nilikuuliza chai au uji ukasema ndiyo. Mtoto alikuita kutoka nyuma ukaendelea kutembea, nikamwambia baba amechoka. Ulivyokuwa unanitazama usoni nikiongea, nikajiona bibi harusi, nikajisemea mume wangu siku hizi ananipenda upya. Kumbe ulikuwa unanisoma. Watu wote wa kituo kile wanajua, mpaka dereva wa gari, na mimi niliyelala ubavuni mwako wiki tatu sikujua. Hapo nina hasira. Niliitafuta nikaipata mara moja. Itaisha, lakini usiifanye kama haipo.

Jana nilikwenda kwa mkuu wangu nikamweleza kwamba nimekuwa nakufungua kila siku. Angeweza asijue kamwe. Lakini nikaona nyumba yetu imeshiba siri, moja ipungue. Mkuu akasema, "Ukurasa wa Waliomo Ndani uliutazama kihalali, na uliokoa mtu. Nyendo zake uliziangalia kwa haramu. Yote mawili nitayaandika." Amenitoa kwenye kumbukumbu za milango. Sasa napiga picha wafanyakazi wapya na kuchapa kadi. Nawaambia watabasamu.

Kwa hiyo siwezi kukuona tena. Asubuhi nafika mapema kwa mazoea, nakaa, chai inapoa. Sijui umeamka saa ngapi. Sikujua kutokuona kunauma hivi baada ya kuona.

Wanasema nini juu yako? Unarudi lini?

Mkeo


Kituo cha Pampu
12 Mei

Mke wangu,

Kikohozi kimekwisha. Bwana mkubwa amenitoa kwenye pampu, na hakunifokea, jambo ambalo lilikuwa baya zaidi. Ameniwekea njia mbili. Ghala la vipuri hapo makao makuu, au ghala la kituo cha tisa, mbali kuliko hapa, peke yangu na masanduku.

Nimefikiria la pili.

Usikasirike kabla hujamaliza kusoma. Huku nikiwa mbali mimi ni mume anayeandika barua nzuri. Hapo nyumbani nitakuwa nani? Mtu anayeulizwa mara tatu. Mtakula mnacheka na mimi nitazame sahani. Mtoto ataniimbia, nitampigia makofi kabla hajamaliza. Mtachoka, na kwa upole wenu hamtasema mmechoka, na hata mkisema sitasikia. Nimeona mzee mmoja namna hiyo, wakimzunguka kama samani.

Nakutamani mpaka kifua kinabana, na si gesi. Ndiyo maana nauliza.

Mumeo


Makao Makuu
15 Mei

Wewe,

Sikungoja gari la vipuri, nimempa barua hii mhandisi anayekuja huko kesho.

Umeniuliza swali ukajijibu mwenyewe, hiyo si haki. Sasa jibu langu.

Nitachoka, ndiyo. Nilikuwa nachoka hata uliposikia. Ulikuwa unasikia vizuri kabisa nikikuambia uhamishe viatu mlangoni, na viatu vilikaa pale mpaka vikaota mizizi. Usijitie kwamba ulikuwa malaika, ukaharibika juzi.

Mtoto nimemwambia kweli. Akauliza, "Macho yake yanafanya kazi?" Nikasema ndiyo. Akauliza, "Na mikono?" Nikasema ndiyo. Akaenda kucheza.

Samani haziandikiwi barua. Kituo cha tisa, kadi nachapa mimi, na yako kwa huko haitachapwa. Kama ni kosa, mkuu wangu aliandike la pili.

Njoo nyumbani. Sitaki mume anayeandika barua nzuri. Nakutaka wewe, uketi hapa unielewe vibaya.

Mkeo


Mezani, nyumbani
9 Juni

Mke wangu,

Umeshatoka, mimi naingia ghalani saa tatu. Nimeona niache karatasi hii chini ya kikombe chako. Sijazoea kukaa siku nzima bila kukuandikia.

Wiki ya pili leo. Mtoto ana dawa yake, anapanda mapajani, ananishika kidevu na kugeuza uso wangu umtazame, kisha ndiyo anaanza kusema. Jana alinigeuza mara nyingi mpaka shingo ikauma. Wewe bado unasahau, unaongea umeelekea jikoni, na mimi naona mabega. Ila sasa nikiyaona natembea mpaka nikufikie mbele.

Leo asubuhi ulifika mlangoni, mkoba begani, ukageuka ukanitazama moja kwa moja, ukasema kitu. Kifupi. Jua lilikuwa nyuma yako na midomo yako ilikuwa gizani, sikuipata. Nilitabasamu, ukatabasamu, ukaenda. Nimekaa na hilo tabasamu nusu saa. Nadhani najua ulichosema. Lakini niliahidi kutokisia tena kimyakimya, kwa hiyo nauliza. Ulisema nini?

Mumeo


Palepale, jioni

Mume wangu,

Nilisema, "Chumvi imekwisha, pitia dukani."

Ulivyotabasamu nikajua umesoma neno jingine kabisa. Nilitaka kurudi nikusahihishe, kisha nikaona, mbona na hilo ni kweli? Nikakuachia.

Chumvi nimenunua. Njoo jikoni, nimegeukia mlangoni, nikuambie lile jingine polepole.

Mkeo